Bibi anaumizwa na mwanawe, na shamba limetiliwa dole gumba: nianzie mlango upi?

SWALI

Assalaam alaykum. Bibi yangu mzaa mama ana miaka 78. Anaishi kijijini, Wilaya ya Wete, Pemba, pamoja na mjomba wangu, ambaye ni mwanawe. Mama yangu ameshafariki, na mama mdogo yupo Tanga. Mimi nakaa Unguja. Pensheni ya bibi inapokewa na mjomba na haimfikii. Msimu uliopita mjomba alichuma karafuu za shamba la bibi akaziuza. Nilipokwenda mwezi uliopita nilimkuta bibi ana alama mikononi. Mwenyewe alisema kaanguka, lakini jirani amenieleza kuwa husukumwa, na siku moja alifungiwa chumbani kutwa nzima. Bibi ananiambia pia kuwa alishikwa mkono akatiliwa dole gumba kwenye karatasi asiyoijua. Jamaa wanasema nikipeleka habari kwa sheha, kiongozi wa serikali hapo kijijini, nitaivunja familia, na kwamba ninachokitafuta ni urithi. Nifanye nini?

JIBU

Wa alaykum salaam, dada yangu.

Kuna jambo moja ambalo jamaa zako wote wamelipita: bibi yako yu hai, na aliye hai harithiwi. Shamba ni lake. Pensheni ni yake. Akitaka kumpa mwanawe ampe kwa ulimi wake na akili yake, na asipotaka, hakuna mtoto, mjukuu wala mkwe mwenye fungu leo. Katika kila mlango utakaobisha, shika neno hili, maana mjomba na wanaomtetea watazungumza kana kwamba mzee ameshaondoka duniani na kilichobaki ni kugawana.

Hilo la kukutuhumu urithi lina jibu fupi. Kifaraidh, yaani kwa sheria ya mirathi ya Kiislamu, mtoto wa binti hamrithi bibi yake wakati mtoto wa kiume wa bibi yupo. Bibi akifariki leo, warithi ni mjomba na mama mdogo, wewe huna fungu. Anayefahamu faraidh kidogo tu analijua hili, basi liseme wazi mbele ya wazee wa familia. Na kwa sababu hiyo hiyo, katika kipindi hiki usikubali bibi akuandikie wasia wala hiba (zawadi ya mali akiwa hai) yoyote, hata akitaka mwenyewe. Kisheria angeweza kukuusia hadi thuluthi ya mali yake kwa kuwa wewe si mrithi, lakini karatasi moja ya namna hiyo itaharibu kesi yake nzima.

Zungumza na bibi peke yake kwanza

Usiende kwa sheha wala polisi kabla ya mazungumzo haya, isipokuwa hali ni ya hatari: amefungiwa, hapewi chakula au dawa, ametishiwa kwa panga au kisu, au ana jeraha bichi. Hapo hakuna cha kusubiri. Piga 112 au mwambie jirani aende kituo cha polisi siku hiyo hiyo.

Kama si hivyo, mtoe bibi nje ya nyumba kwa sababu ya kawaida, kama kupima presha hospitali au kumtembelea nduguye. Mzee anayeishi na anayemuumiza hatasema kweli akiwa sebuleni kwake, kwa sababu wewe utarudi Unguja na yeye atabaki palepale. Usimuulize "anakupiga?" maana atakataa. Muulize: siku ulipoanguka, nani alikuwepo? Nani aliyekunyanyua? Ufunguo wa chumba chako hukaa wapi? Jana ulikula nini, na nani aliyekupa? Kisha swali kubwa: "Bibi, unataka iwe vipi?"

Karibu kila mama wa Kipemba atajibu kuwa hataki mwanawe afungwe. Jibu hilo halifungi shauri. Anaweza kutaka apokee pensheni yake mwenyewe, arudishiwe shamba, mwanawe ahame nyumba, na yote hayo yanawezekana bila ya jela. Lakini mwambie ukweli mmoja mapema. Polisi wakishafungua jalada la kupigwa au kufungiwa, uamuzi wa kuendelea na kesi huwa mikononi mwa Mkurugenzi wa Mashtaka, si mikononi mwake tena. Wazee wengi huambiwa hili wakiwa tayari mahakamani, wakaogopa, wakageuza maneno, na kesi ikafa. Bora ajue kabla ili atakapotoa maelezo awe na uhakika nayo.

Siku hiyo hiyo andika kwenye daftari aliyoyasema, kwa maneno yake, pamoja na tarehe. Usiyapambe. "Alinisukuma nikaangukia kinu" ina nguvu kuliko ukurasa mzima wa "amenyanyaswa vibaya".

Malalamiko manne, milango mitatu

Kosa linaloangusha mashauri ya wazee ni kuyafunga yote pamoja na kuyapeleka sehemu moja. Mtu anakwenda polisi na habari ya shamba, anaambiwa hilo ni la madai. Anakwenda Mahakama ya Ardhi na habari ya kupigwa, anaambiwa aende polisi. Mzee anachoka, familia inasema "si tulikwambia". Yatenganishe. Mwili wa bibi ni habari ya hospitali na polisi. Pensheni ni ya ustawi wa jamii. Karatasi ya dole gumba ni ya ardhi. Karafuu zimekaa kati ya polisi na ardhi, nitakueleza kwa nini.

Tuanze na mwili. Kupiga, kufungia mtu ndani, kumtishia na kumwibia ni makosa chini ya Sheria ya Adhabu ya Zanzibar, Namba 6 ya mwaka 2018, na uhusiano wa mama na mwana hauyafanyi kuwa kitu kingine. Mwaka 2020 Baraza la Wawakilishi lilipitisha pia sheria mahsusi ya masuala ya wazee. Kwa hiyo afisa yeyote akikwambia "hayo ni ya nyumbani", mkumbushe kwa adabu kuwa mzee ana sheria yake, na uombe kuonana na mkuu wake.

Nenda Dawati la Jinsia na Watoto la kituo cha polisi. Jina lisikuchanganye, ukatili wa ndani ya nyumba dhidi ya bibi wa miaka 78 unapokewa hapo. Omba fomu ya PF3 na uende nayo hospitali. Kama kuna jeraha bichi, hospitali kwanza, fomu ifuate. Kipo pia kituo cha Mkono kwa Mkono katika hospitali ya Chake Chake, ambako daktari, polisi na mshauri nasaha hukutana mahali pamoja. Kwa mzee asiyeweza kuzungushwa ofisi tatu kwa siku moja, hiyo ni nafuu kubwa.

Kwa daktari, alama za mikononi zinahitaji umakini. Ngozi ya mzee ni nyembamba na huvilia damu kirahisi, hasa kwenye mikono ya mbele, na anayetumia dawa za kuzuia damu kuganda huvilia zaidi. Wakili wa mjomba atalisema hilo. Kwa hiyo mwombe daktari aandike alama ziko wapi hasa, ukubwa wake kwa sentimita, rangi yake, na kama ziko mkono mmoja au yote miwili. Michubuko inayofanana pande zote mbili za mikono ya juu, au iliyoko shingoni, masikioni na mgongoni, haifanani na kuanguka. Mwombe pia ampime uzito na auandike. Akipimwa tena baada ya mwezi mmoja au miwili na uzito umeshuka, huo unaweza kuwa ushahidi wa kunyimwa chakula ambao hakuna jirani anayeweza kuutoa. Piga picha za alama kwenye mwanga wa mchana: moja ya karibu, na moja inayoonesha uso na mkono pamoja. Ziache kwenye simu bila kuzihariri.

Jirani ndiye shahidi wako mkuu, na ndiye atakayeshikwa na muhali, yaani haya ya kumsema jirani yake, wa mwanzo. Usimwombe aahidi kwenda mahakamani. Mwombe atoe maelezo polisi mapema, aeleze alichokiona kwa macho: siku gani, saa ngapi, mlango ulifungwa na nini, nani aliufungua. Maelezo yaliyotolewa wiki ile ile huaminika kuliko yanayokuja baada ya mwaka.

Pensheni na karafuu

Pensheni Jamii ilianza Aprili 2016 kwa wazee wa miaka 70 na kuendelea, ikiwa shilingi 20,000 kwa mwezi, na sasa ni 50,000. Haitolewi kwa familia, hutolewa kwa mzee. Mtu anayempokelea ni mjumbe tu, na mjumbe hali amana. Kwa mwaka mzima hiyo ni shilingi 600,000, kwa hiyo usikubali mtu akwambie ni visenti.

Mpeleke bibi mwenyewe kwa afisa ustawi wa jamii wa Wilaya ya Wete akiwa na kitambulisho chake cha Mzanzibari Mkaazi na kadi ya malipo. Kama kadi ameishika mjomba, usigombane naye mlangoni, afisa ataarifiwa kuwa imezuiwa. Bibi aombe mambo mawili kwa maandishi: abadilishiwe mtu wa kumpokelea, au apokee mwenyewe, na apatiwe orodha ya malipo yaliyotoka kwa jina lake. Orodha hiyo ndiyo itakayoonesha jumla ya kilichochukuliwa. Mpokeaji mpya asiwe wewe uliye Unguja. Awe mtu wa shehia yake ambaye bibi anamwamini, na bibi atie alama kwenye daftari kila anapopewa.

Karafuu zina njia yake. Zanzibar karafuu hununuliwa na Shirika la Taifa la Biashara, ZSTC, katika vituo vyake, na mauzo huacha kumbukumbu: jina la muuzaji, uzito, daraja, kiasi alicholipwa. Mjomba hawezi kusema shamba halikuzaa ikiwa stakabadhi zinasema kilo kadhaa. Tafuta pia wachumaji waliofanya kazi siku zile, kwa kuwa wao wanakumbuka walichuma pishi ngapi na nani aliyewalipa. Uliza pia kama mikarafuu imekodishwa kwa mtu wa nje, jambo la kawaida Pemba. Kama imekodishwa, aliyeikodi aandikiwe barua mapema kuwa mwenye shamba hakukubali, kabla hajalipa msimu unaofuata. Iwapo mjomba aliuza kwa kuiba tu, hilo ni la polisi. Iwapo anadai shamba ni lake sasa, basi suala la karafuu linategemea ile karatasi, na hapo ndipo penye kazi.

Karatasi ya dole gumba

Hili ndilo la haraka kuliko bibi anavyodhani. Jeraha linapona, lakini shamba likishauzwa kwa mtu wa tatu aliyelipa fedha zake, kulirudisha ni miaka.

Kabla ya kuuliza karatasi ni halali au la, zuia shamba lisihamie kwa mtu mwengine. Bibi aandike barua, hata ukurasa mmoja, aseme: mimi fulani, mwenye shamba lililopo mahali fulani lenye mipaka hii, sijauza, sijatoa, sijamfanya mtu yeyote kuwa wakala wangu, na karatasi yoyote yenye dole gumba langu ya kipindi hiki naipinga. Barua isomwe mbele yake kwa sauti, na mashahidi wawili wasio wa familia watie saini kuwa imesomwa na ameifahamu. Nakala moja iende kwa sheha, kwa kuwa mauziano ya ardhi vijijini hupitia kwake kwa kushuhudia. Nyengine iende Kamisheni ya Ardhi, ofisi ya Pemba, kwa kuwa uhaulishaji (kuhamisha umiliki) wa ardhi unahitaji idhini. Kila nakala igongwe muhuri wa kupokelewa na wewe ubaki na yako yenye muhuri. Kama shamba ni katika zile eka tatu zilizogawiwa baada ya Mapinduzi ya 1964, taja hivyo kwenye barua na uambatishe nakala ya hati, kwa sababu haki ya mtu aliyepewa eka haipiti kwa karatasi ya barazani.

Sasa tafuteni karatasi ni kitu gani. Zipo aina nne na kila moja huvunjwa kivyake.

Ikiwa ni uwakala, ni nyepesi. Bibi aliyemweka wakala anaweza kumwondoa wakati wowote kwa maandishi, na nakala zipelekwe benki, kwa sheha na kokote wakala alikokuwa akiitumia. Asipopeleka nakala, wakala ataendelea kuaminiwa.

Ikiwa ni mauzo, uliza fedha ziko wapi. Sheria ya mikataba ya Zanzibar imechimbuka kutoka ile ya India ya mwaka 1872, na inafahamu hali hii vizuri: mtu akiwa na nguvu juu ya mwenzake kwa sababu ya umri, maradhi au kumtegemea, na mapatano yakawa ya kumwonea yule dhaifu, basi mwenye nguvu ndiye anayetakiwa kuthibitisha kuwa hakuitumia nguvu hiyo. Mjomba anayemlisha bibi, anayeshika ufunguo wa chumba chake na kupokea pensheni yake atapata shida kubwa kulithibitisha hilo. Ndiyo maana ushahidi wa kufungiwa na wa pensheni unafaa pia kwenye shauri la ardhi, ingawa milango ni tofauti.

Ikiwa ni hiba, angalia nguzo zake. Hiba hutaka mtoaji aseme kwa hiari, mpokeaji akubali, na mali ikabidhiwe. Bibi anayesema hakujua karatasi ni ya nini hakutoa. Na hata hiba ikithibiti, katika madhhebu ya Imamu Shafi, ambayo ndiyo yetu huku, mzazi ana haki ya kuirudisha kwake hiba aliyompa mwanawe maadamu kitu bado kimo katika milki ya mtoto. Sababu nyengine hiyo ya kuharakisha ile barua: mjomba akiliuza, njia hii inafungika.

Ikiwa ni wasia, haina nguvu yoyote leo, maana wasia hufanya kazi baada ya kifo na bibi anaweza kuufuta akitaka. Tena mrithi hausiwi isipokuwa warithi wenziwe waridhie, na mama mdogo wa Tanga ni mrithi.

Kesi ya kuifuta karatasi huenda Mahakama ya Ardhi, na lazima bibi mwenyewe ndiye awe mdai. Wewe huwezi kushtaki kwa jina lako. Akishindwa kufika anaweza kukufanya wewe au mtu mwengine kuwa wakala wake, lakini uwakala huo uandikwe kwa shauri hilo moja tu, usiwe wa "mali zangu zote", msije mkamtoa mjomba mlangoni na kumwingiza mwengine dirishani. Mdai aombe pia zuio la muda ili shamba lisiuzwe wala lisichumwe na mjomba mpaka hukumu. Kabla ya kufungua, mpeleke bibi kwa daktari apimwe kumbukumbu na fahamu, na cheti kiandikwe tarehe. Hoja ya kawaida ya upande wa pili ni "mzee ameshachanganyikiwa", na cheti cha wiki ile ile huimaliza. Ikiwa kweli anasahau mno, mwambie wakili mapema, kwa sababu njia inabadilika na mahakama ndiyo itakayosema nani amsimamie.

Fedha za wakili zisikutishe. Zanzibar ina Sheria ya Msaada wa Kisheria tangu 2018. Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar kina ofisi Chake Chake, na wasaidizi wa sheria wapo katika wilaya zote. Msaidizi wa sheria hatasimama mahakamani badala ya wakili, lakini barua zote nilizozitaja atakuandikieni bila malipo.

Kuhusu sheha na suluhu

Nenda kwa sheha, tena na bibi. Umweleze kwa heshima, umwombe aandike katika kumbukumbu zake, na umpe nakala ya barua ya shamba. Suluhu kwake inafaa kwa mambo kama nani atapokea pensheni au kila mtoto atoe nini kwa mwezi. Mama mdogo naye ana wajibu, matunzo ya mzazi muhitaji ni juu ya watoto wote wenye uwezo, si juu ya aliyekaa karibu tu. Mengi ya matatizo haya huanza pale mtoto mmoja alipoachiwa mzigo wote kwa miaka na wenziwe wakabaki kupiga simu siku ya Idi. Hilo halimpi mjomba haki ya kunyanyua mkono, lakini likisemwa wazi kikaoni hupunguza ukaidi wake.

Suluhu haifai kwa kupigwa wala kufungiwa. Sheha hana mamlaka ya kusamehe kosa la jinai, na familia haina pia. Mkiitwa barazani mkaambiwa "yaishe hapa hapa", msitie saini karatasi ya kusema hakuna kilichotokea. Karatasi hiyo ndiyo itakayosomwa mahakamani siku bibi atakapovunjika nyonga.

Na wapi akae? Haraka ya wengi ni kumchukua bibi na kumpandisha boti ya Unguja. Fikiri mara mbili. Akiondoka, mjomba anabaki peke yake na nyumba, shamba na kauli ya kuwa "mama kaniachia", na hoja yenu kuwa hakukabidhi mali inadhoofika. Bibi naye anang'olewa kwenye msikiti wake, makaburi yake na majirani zake. Anayestahili kuondoka ni anayeumiza. Mjomba akikamatwa na kupewa dhamana, mwombe mwendesha mashtaka aitake mahakama iweke sharti la yeye kutoikaribia nyumba hiyo. Likishindikana, bibi ahamie kwa nduguye au jirani wa kijiji hicho hicho kwa muda, na barua ya kuhama kwa muda apewe sheha. Makao ya wazee ya Limbani, Wete, yapo, lakini ni kwa wasio na wa kuwatunza, na bibi yako anaye wa kumtunza.

Utakaporudi Unguja, panga na jirani siku moja ya wiki ya kumpa bibi simu azungumze na wewe bila mjomba kuwepo, na mkubaliane neno ambalo bibi akilitaja, mathalani akiuliza habari ya mkeka wake, ujue ni siku ya kupiga 112. Kila baada ya wiki mbili piga Kamisheni ya Ardhi uulize kama kuna ombi lolote juu ya shamba lile, na uandike jina la aliyekujibu.